Sekunde Arobaini za Hatari

"Nasema zima! Urbanus, zima hicho kidude kabla sijaingia humo ndani nikimwagie maji!"

"Mama Joan, si ni muziki tu jamani."

"Muziki gani hauna maneno? Hauna mwanzo, hauna mwisho! Tangu asubuhi ngo-ngo-ngo, ukifika mahali unarudi ulikotoka, kama mlevi anatafuta mlango wa nyumba yake. Na hiyo sauti ya katikati naijua. Hiyo ni sufuria yangu!"

Ploti nzima ilicheka. Watu walikuwa hawajacheka tangu matokeo ya kura yatangazwe, wiki mbili na ushei, kwa hivyo kicheko kilipopata mwanya kilitoka kwa fujo. Ogola, aliyekuwa ameketi langoni na rungu magotini, alijipiga paja.

"Dai haki yako, Mama Joan! Sufuria inaenda Ulaya bila pasipoti, na wewe hata Busia hujafika."

"Nitadai! Unadhani nacheza?" Mama Joan, ambaye jina lake la kuzaliwa ni Kavetsa, alikuwa amesimama katikati ya ua, unga wa chapati hadi kwenye viwiko. Ukuta wake na wa Urbanus ulikuwa mmoja, karatasi ya bati iliyobandikwa magazeti pande zote mbili, na Urbanus hakuweza kupiga chafya bila yeye kumtakia afya. "Hiyo sauti ni ya hatari. Siku ile tulipiga tukidhani tunakufa. Mtoto wangu akiisikia anaingia chini ya kitanda. Sasa huyu anaicheza kama ngoma ya harusi!"

Mumewe alitoka nje akiwa na nyundo mkononi. Shivachi alikuwa fundi wa masanduku, yale ya bati ambayo watoto huenda nayo shule za bweni, na Januari ndiyo ilikuwa mavuno yake. Mwaka huo masanduku thelathini na mawili yalikuwa yamepangwa hadi darini na shule hazijulikani zitafunguliwa lini.

"Mama Joan, wacha kijana afanye kazi," alisema. "Anayepiga hapo katikati ni mimi. Lini mkono wa fundi wa sanduku ulienda Ulaya?"

"Ati kazi!"

"Ndiyo, kazi. Urbanus, ebu mwambie mama utatumia zile spika za masikio, yaishe."

Urbanus alitoka mlangoni, akainua mkono juu kama mtu aliye kortini. "Naapa mbele ya ploti. Hamtausikia tena. Nitatumia za masikio."

"Tumesikia," Mama Joan alisema, akarudi kwa unga wake. Ugomvi uliisha hivyo, kama ulivyokuwa umeisha ule wa kamba ya nguo na ule wa paka.

Urbanus Mbuvi alikuwa mtunzi wa muziki wa michezo ya kompyuta. Ukimwambia mtu hivyo pale Kianda, mtaani Kibera, anakuuliza, "Sawa, na kazi unafanya gani?" Alianza utotoni, kwenye banda la gemu karibu na Olympic, ambako wenzake walilipa shilingi tano wacheze, yeye akaingia bure akae nyuma asikilize. Baadaye alipiga kinanda kanisani mpaka mchungaji akalalamika kwamba sadaka ikikusanywa kwa nyimbo zake waumini wanahisi kama wanakimbizwa. Sasa alikuwa na miaka thelathini na moja, na kati ya hiyo, sita alikuwa ameitumia kutuma nyimbo kwa watu asiowajua, nyingi bila malipo, na watu hao wakijibu, "Asante, tutakuita." Ndugu yake wa Machakos alikuwa amemwekea nafasi ya kazi kwenye mjengo na kumpa muda mpaka Pasaka.

Na muziki wa gemu si kama muziki mwingine. Mchezaji anaweza kukwama mahali pamoja saa nzima, mlango haufunguki, adui hafi, na wimbo unazunguka tu. Kwa hivyo lazima uwe hauna mshono. Sikio likigundua pale unapoanza upya, umeharibu kazi.

Mwezi Novemba kampuni ndogo ya Ulaya ilimwandikia. Walikuwa wamependa mkono wake, lakini nyimbo zake zingeweza kutoka popote. Awatafutie sauti ya kwake, ya mahali anapoishi. Walitaka muziki wa hatari, sekunde arobaini, kwa sehemu ile mchezaji anapovamiwa. Ukikubalika, wangempa gemu nzima, na mkataba wa miaka miwili. Mwisho wa kutuma ni Ijumaa ya tarehe kumi na nane Januari.

Desemba yote alitafuta sauti hiyo asiipate. Halafu nchi ikalipuka, na sauti ikaja yenyewe. Kuanzia Kianda hadi Gatwekera watu walikuwa wameafikiana kwamba adui akionekana, kila mwenye sufuria apige sufuria, kila mwenye bati apige bati, na ploti inayofuata ikisikia ipokee. Tarehe mbili Januari, saa nane mchana, ishara hiyo ilipigwa. Adui hakufika, ila mlio ulifika. Ulipanda bondeni ploti kwa ploti mpaka mabati ya paa yakawa yanatetemeka yenyewe. Wengine walishika watoto. Urbanus alishika simu na kurekodi.

Baadaye alimwomba Shivachi ampigie tena, polepole, bati jembamba kisha bati nene, halafu sufuria kubwa ya Mama Joan kwa kijiti cha chuma. Shivachi alifurahi kama mtoto. Alimweleza ni bati gani linalia juu na lipi linalia tumboni, na kwamba usiligonge katikati, gonga robo. Kwa siku tisa walikaa hivyo, fundi na mtunzi, huku nje watu wakiulizana makabila. Ploti ilikuwa na sababu ya kumtazama Urbanus kwa jicho la kando. Tangu mtu wa Ukambani apewe kiti kikubwa serikalini, Wakamba wa Kibera, ambao mwanzo hakuna aliyewajali, walianza kuambiwa wamewauza wenzao. Shivachi ndiye alisema, "Huyu wa kwetu ni wa kinanda. Hajauza mtu." Yakaishia hapo.

Alhamisi ya tarehe kumi na saba, saa kumi jioni, kazi ilikuwa imekwisha isipokuwa mshono. Zile spika za masikio zilikuwa zimekufa upande mmoja. Kwa upande uliobaki Urbanus alisikia kitu kama pumzi iliyokatika pale sekunde ya arobaini inapoigusa ya kwanza, lakini hakuwa na hakika. Kesho yake ilikuwa lazima aende Kawangware, kwa rafiki yake Waithaka, kuituma kwa intaneti. Mama Joan alikuwa ameenda kupanga foleni ya maji. Shivachi alikuwa ndani, amelala kidogo. Ogola na vijana wake walikuwa wamepanda relini, kwa sababu siku hiyo kulikuwa na maandamano na askari walikuwa wamejaa kule juu.

Mara moja tu, alijiambia. Mzunguko mmoja, nijue.

Alichomoa waya, akageuza spika mbili ziangalie ndani, akabonyeza.

Mzunguko wa kwanza mshono ulisikika. Akasogeza kipande kidogo, chini ya nusu sekunde, akabonyeza tena. Wa pili ulipita laini kama mafuta. Wa tatu aliuacha kwa sababu ulikuwa mtamu, na hapo ndipo muziki wake ulipoanza kukua. Chini ya bati la Shivachi paliingia bati lingine, mbali, zito. Kisha kulia. Kisha nyuma yake, sufuria nyingi, hazikufuata mapigo lakini zilikuwa zimeyazunguka kama kundi linavyomzunguka mwimbaji. Urbanus alifumba macho. Miaka sita alikuwa ameitafuta sauti pana namna ile kwenye mashine na mashine haikumpa. Alitabasamu. Alikuwa anatabasamu hivyo alipobonyeza kuzima, na sauti haikuzimika.

Ilikuwa nje. Ilikuwa Kibera nzima.

Alipofika mlangoni aliona mgongo wa Shivachi ukitokomea langoni, miguu mitupu, nyundo mkononi. "Kavetsa yuko foleni ya maji!" Shivachi alipaza sauti bila kugeuka. "Baki na Joan!"

"Baba Joan, rudi! Si kitu! Ni mimi, ni—"

Lakini nani angesikia? Watu walikuwa wanamiminika kutoka kila kichochoro wakielekea relini, wengine na mapanga, wengine na vijiti vya kupikia, na juu huko askari waliwaona watu mia kadhaa wakiwajia kwa kishindo cha mabati. Risasi zililia mara nne au tano. Milio ya sufuria ilikoma yote kwa pamoja, na Urbanus, amesimama na Joan wa miaka tisa amemng'ang'ania kiunoni, akasikia ukimya ambao hata yeye hakujua jinsi ya kuuandika.

Shivachi aliletwa maiti juu ya mlango wa bati. Mama Joan alitembea kando akiwa bado na mtungi wake kichwani, umejaa, wala haukumwagika hata tone mpaka alipofika uani na kuona watu wote wamesimama. Hapo ndipo alipoutupa.

Jioni hiyo hiyo Ogola alikusanya wanaume. Adui hakuwa ameonekana upande wowote. Kila ploti ilisema ilipokea kutoka ploti nyingine. "Kwa hivyo kuna mtu alianza," Ogola alisema. Macho yake yalikuwa mekundu. Shivachi ndiye aliyemfundisha kushika nyundo kabla hajapata kibanda chake cha viatu soko la Toi. "Mtu alipiga king'ora cha uongo ili watu wetu watolewe nje wauawe. Huyo mtu nitampata. Urbanus, wewe ulikuwa hapa. Ilianzia wapi?"

Macho ya ploti yote yalikuwa kwake. Mdomo wake ulijibu kabla yeye hajaamua.

"Chini. Upande wa Gatwekera."

"Una hakika?"

"Sikio langu si unalijua."

Asubuhi ya Ijumaa, Mama Joan alimwita ukutani, kupitia magazeti. Sauti ilikuwa imekauka. "Nasikia unaenda Kawangware. Simu ya shemeji yangu haiingii. Pitia kwake, mwambie. Yeye ndiye wa kumpeleka ndugu yake nyumbani Magharibi. Mimi na mtoto pekee hatuwezi kupita Naivasha wala Nakuru na jeneza."

"Nitapitia, Mama Joan."

"Asante. Mungu akuweke."

Alitembea kwa miguu, akakata Ngong Road, akapitia mitaa ya matajiri ambako bustani zilikuwa zinamwagiliwa maji kama kawaida. Flashi yenye wimbo ilikuwa soksini. Njia nzima alijiambia kwamba anaenda kwa sababu ya shemeji. Pia alijua hiyo soksi ina nini.

Kawangware kizuizi kilikuwa cha vijana wengine, wa upande wa serikali, marungu yale yale. "Kipande." Wakasoma jina. "Mbuvi. Mkamba huyu, pita." Kule alikotoka jina hilo lilikuwa karibu limtie taabuni, hapa lilimfungulia njia. Nyumba ya ndugu yake Shivachi aliipata haraka, mlango wa samawati nyuma ya kinu cha posho. Kwenye kamba kulikuwa na nguo za watoto wengine. Mwanamke aliyefungua hakumtazama usoni.

"Waluhya waliokuwa hapa walitoka wiki iliyopita," alisema. "Walitolewa. Sisi pia tumetolewa kwetu Eldoret, usinitazame hivyo. Sijui walikoenda."

Waithaka alikuwa kwenye duka la shangazi yake, kompyuta mbili juu ya magunia ya viazi. Zamani saiba yake, kibanda cha intaneti, ilikuwa Kianda, hatua hamsini kutoka ploti ya Urbanus, na ilipochomwa yeye alikimbia na mashine hizo mbili kwenye mkokoteni. Walikumbatiana kwa muda mrefu kuliko walivyozoea.

"Umeleta?" Waithaka aliuliza.

Urbanus alikaa. Angeweza kusema hapana. Angeweza kusema imeharibika, au amepoteza njiani, na asubuhi ingekuwa asubuhi nyingine. Alivua kiatu, akatoa flashi, akaichomeka yeye mwenyewe. Faili ilichukua dakika kumi na moja kupanda, na dakika zote hizo alikuwa anaweza kubonyeza kitufe cha kuisimamisha. Alikitazama tu.

Jibu lilifika kabla hawajamaliza chai. Waithaka alilisoma kwa sauti huku akitafsiri, na kila sentensi alikuwa akisimama zaidi kutoka kitini. "Wanasema nywele zimewasimama! Wanasema hawajawahi kusikia kitu kama hicho. Urbanus! Wanakupa gemu nzima! Wanataka hiyo ngoma iwe kila mahali, mwanzo mpaka mwisho. Wanauliza, huyo mpigaji ni nani, unaweza kumrekodi tena?"

Urbanus aliweka kikombe chini.

"Niwaambie nini?" Waithaka aliuliza, vidole tayari.

"Waambie hapatikani."

"Amesafiri?"

"Ndiyo."

"Na mkataba? Niseme ndiyo, si ndiyo?"

Waithaka akaandika ndiyo, kama ambavyo rafiki yeyote angefanya. Akamsihi abaki, Kibera imekuwa mbaya kwa watu wa jina lake, shangazi ana godoro la ziada. Urbanus alisema kuna mtu anangoja jibu.

Alirudi jua likiwa bado juu ya paa. Langoni alikuta mawe yamepangwa na moto wa matanga umewashwa katikati ya ua, watu wamekaa kwenye madebe na kwenye masanduku mapya ya Shivachi, kwa sababu hapakuwa na viti vya kutosha. Mtu alikuwa akieleza habari, na habari ilikuwa hii: vijana walikwenda Gatwekera kama walivyoelekezwa. Wakamkuta mzee Makau, muuza mkaa, Mkamba wa Kitui, ambaye majirani walikubali kwamba jana jioni alisikika akigonga bati. Alisema alikuwa anatengeneza paa. Wakamvunja mkono na kumwaga mkaa wake mtaroni.

"Bado hatujamaliza naye," Ogola alisema. "Tunamsubiri akumbuke aliyemtuma. Tunarudi kesho."

Urbanus alisimama pale pale. Karibu naye wanawake wawili wazee, waliokuja kumsaidia mfiwa, walikuwa wakipakua ugali na kuzungumza kama watu wanavyozungumza wakipakua. Mmoja alisema huyo Makau akaletwe hapa matangani, apewe sahani, ndipo ukweli utajulikana.

"Kwani?"

"Wee, hujui? Kwetu mwenye mkono katika kifo hawezi kula chakula cha marehemu. Akila anavimba. Na wa nyumba ya marehemu akila pamoja naye, naye anafuata kaburini. Ndiyo maana matangani watu wanaangaliana sahani. Anayekataa kula, huyo mshike."

Mama Joan alikuwa mlangoni pake, shuka kichwani, akipokea mikono. Urbanus alimwendea. Hakuchagua wakati, miguu ilichagua.

"Umempata shemeji?" Mama Joan aliuliza.

"Walitolewa nyumbani. Hakuna anayejua waliko."

Aliitikia kwa kichwa polepole, kama mtu anayeongezewa mzigo juu ya mwingine na kugundua hakuna tofauti. Urbanus aliinama karibu, kwa mbali ikaonekana kama anamliwaza.

"Mama Joan. Mzee Makau hakupiga. Ni mimi. Nilicheza ile sauti. Kwa spika, mara tatu. Nilidhani ni muziki wangu unakua, kumbe ploti zilikuwa zimeipokea. Nimeituma leo, na wameikubali."

Mkono wa Urbanus ulikuwa bado mkononi mwa mama yule. Haukutolewa, lakini ulibadilika. Ulikuwa mkono, sasa ulikuwa kitu kilichosahaulika pale.

"Nani mwingine anajua?"

"Hakuna."

Macho yake yalimpita Urbanus, yakaenda motoni, kwa Ogola na rungu lake, kwa vijana kumi na wanne waliokaa juu ya kazi ya mikono ya mumewe. Mmoja wao aligeuka kutazama.

"Makau nitamwondolea lawama mimi," alisema kwa sauti ya chini, midomo haisogei. "Nitasema nilisikia mwenyewe, ilianzia kule juu kwa askari. Mjane hapingwi. Wewe utahama kabla ya Jumapili. Nisikusikie ukutani. Nisisikie jina lako, wala huo muziki, mpaka nife."

"Mama Joan, mimi niache tu, nitoke niwaambie—"

"Uwaambie wakuue mbele ya mtoto wangu? Jeneza moja limenishinda kusafirisha."

"Urbanus hajala!" Ogola aliita kutoka motoni. Hakukuwa na ubaya katika sauti yake, bado. "Tangu jana sijamwona akitia kitu mdomoni. Vipi, msanii?"

Mazungumzo uani yalipungua. Wale wanawake wawili waliacha kupakua.

Mama Joan alisogea kando, akainua pazia la mlango kwa mkono mmoja. Ndani, mkekani, palikuwa na sahani mbili, yake na nyingine. Alipaza sauti ili ploti yote isikie, sauti ile ile aliyokuwa akigombana nayo uani.

"Ametembea tangu asubuhi kwa ajili yangu, mnataka ale saa ngapi? Urbanus, ingia ndani. Ingia tule."